Mtoto ni wa Nani, na Nani Amlee?

Mtoto anapofiwa na baba na mama, hata matanga hayajaondolewa, huulizwa swali moja: mtoto huyu ni wa nani? Wazee wa upande wa baba hujibu kwa kutaja ng'ombe waliotolewa. Wazee wa upande wa mama hujibu kwa kutaja mgongo uliombeba, na usiku mwingi wa homa bila usingizi. Pande zote mbili husema kweli. Na kwa kuwa zote husema kweli, neno halimaliziki pale mkekani. Huenda kwa mwenyekiti wa kijiji, kisha kwa Afisa Ustawi wa Jamii, na mwisho mbele ya hakimu. Hapo ndipo jamaa wengi hustaajabu, kwani hakimu hawaulizi lile swali walilojiandaa kulijibu. Haulizi mtoto ni wa nani. Auliza mtoto huyu akae na nani apate kukua vema.

Twapenda leo kuyapambanua maswali haya mawili. Watu wema kabisa, wenye kuheshimika katika parokia zetu, hushindwa mashauri ya namna hii huku wanampenda mtoto kwa moyo wote, kwa sababu tu wamejibu swali ambalo hawakuulizwa. Nao walioshinda mara nyingine hawajui kwa nini walishinda, hata huanza kumtumia mtoto kama ngao waliyoiteka vitani.

Tutwae mfano. Si habari za nyumba fulani. Tumeutunga ili sheria ionekane ikitembea kwa miguu yake. Yuko binti wa miaka minne katika kijiji kimoja cha Usukuma. Mama yake aliugua binti alipokuwa na mwaka mmoja, akarudi kwa mama yake mzazi, akafia huko. Baba alifanya kazi mgodini, akileta fedha na nguo kila alipopata likizo. Mwaka huu naye amefariki. Amebaki bibi mzaa mama, mwenye shamba la mihogo na nyumba ya udongo. Na yuko baba mdogo, mdogo wake marehemu, mwalimu wa shule mjini Mwanza, mwenye nyumba ya matofali, mke mpole na watoto watatu. Siku ya kuondoa matanga baba mdogo aja kwa heshima, ameketi chini, asema: "Mama, nimekuja kumchukua mtoto wa marehemu kaka yangu." Bibi ajibu: "Baba, mtoto huyu hajalala nyumba nyingine tangu aanze kutambaa." Hakuna mwovu katika mfano wetu, nasi tumefanya hivyo kusudi. Watu hupenda kusema kwamba hakimu afanye kama Mfalme Salomoni na wale wanawake wawili. Lakini Salomoni alikuwa na mwongo mmoja mbele yake, naye alitafuta kumfichua. Hakimu wetu aghalabu hana mwongo. Ana watu wawili wakweli, na mtoto mmoja.

Baba mdogo ategemea mila, wala hatumcheki. Katika makabila yanayofuata ukoo wa baba, mtoto aliyezaliwa katika ndoa ya mahari ni wa upande wa baba, na baba akifa ndugu zake ndio hutazamwa kwanza. Mwaka 1963 Serikali ya Tanganyika iliziandika mila hizo katika tamko la sheria za mila, na humo habari za ulezi zimetajwa pamoja na mahari na urithi. Kwa Waluguru, Wamwera, Wamakonde na Wamakua, ambao ukoo wao hufuata mama, mambo yalikwenda kinyume chake, na neno la mjomba lilikuwa zito kuliko la baba. Kwa namna zote mbili mila ilikuwa na wema wake mkubwa: hakuna mtoto aliyeweza kusema hana kwao. Mahari nayo haikuwa bei ya mtoto, ingawa wako wanaoizungumza hivyo wakiisha kukasirika. Ilikuwa ushuhuda wa watu wengi kwamba mtoto huyu anao wazee watakaomjibia.

Lakini mila hufuatwa mahali isipopingana na sheria iliyotungwa na Bunge, na juu ya ulezi wa mtoto Bunge limesema waziwazi. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 yasema kwamba hakimu anapoamua mtoto akae na nani, jambo la kwanza kupita yote ni ustawi wa mtoto. Baada ya hilo huangalia matakwa ya wazazi, matakwa ya mtoto mwenyewe akiwa na umri wa kutoa neno lake, na mila za jamii ya wahusika. Msomaji na aone mpangilio huo. Mila imetajwa, haikutupwa nje. Lakini imekaa katika benchi pamoja na mengine, wala haikukaa katika kiti cha mbele. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 imekaza neno hilo hilo, na kuongeza mengine ya kuangaliwa: umri wa mtoto na kama ni wa kiume au wa kike, faida ya ndugu wa tumbo moja kukaa pamoja, na haja ya malezi yake yasikatwe katikati. Sheria hiyo yampa pia ndugu anayemlea mtoto ruhusa ya kwenda mahakamani mwenyewe kuomba ulezi. Bibi yetu hana haja ya kukaa mlangoni akingoja ashtakiwe.

Hapa twapaswa kusahihisha dhana moja inayotembea sana. Watu husema kwamba mtoto asiyetimiza miaka saba ni wa mama kwa sheria, na mama asipokuwapo haki hiyo humwendea bibi mzaa mama. Sehemu ya kwanza ina kweli ndani yake. Sheria ya Ndoa yadhani kwamba ni vema mtoto wa chini ya miaka saba akae na mama yake. Lakini ni dhana tu, nayo yaweza kubatilishwa kwa ushahidi, kwa mfano mama akiwa mlevi wa kupindukia au akiwa amemtelekeza mtoto. Sehemu ya pili si kweli. Dhana ile ni ya mama, wala hairithiwi. Bibi hawezi kusimama mbele ya hakimu na kusema, "Mimi ni mama kwa sababu nilimzaa mama." Lakini katika maneno yale yale ya sheria yamo mengine yanayomfaa zaidi: hakimu aangalie jinsi isivyofaa kuyatikisa maisha ya mtoto mdogo kwa kumhamisha kutoka mikono hii kwenda mikono ile. Hiyo ndiyo hoja ya bibi, na wengi wa mabibi hawaijui.

Miaka saba hiyo, kwa kupitia tu, si hesabu iliyookotwa njiani. Kanuni za Kanisa za mwaka 1983 nazo humhesabu mtoto asiyetimiza miaka saba kuwa hawezi bado kujiongoza, na akiisha kuitimiza hudhaniwa kuwa na akili ya kupambanua. Na Papa Pius wa Kumi, alipowafungulia watoto Komunyo ya kwanza mwaka 1910, alitaja karibu umri huo huo. Ndugu zetu Waislamu wa madhehebu ya Shafi huliacha jambo la kukaa kwa mama au kwa baba lichaguliwe na mtoto mwenyewe akifikia umri wa kupambanua, nao ni karibu miaka saba. Huko Uingereza, ambako baba alikuwa na mamlaka yote, sheria ya mwaka 1839 ndiyo iliyompa mama kwa mara ya kwanza nafasi ya kuomba watoto wake wa chini ya miaka saba. Watu wa mbali na wa karibu wameona kitu kimoja katika uso wa mtoto.

Basi hakimu atajuaje ustawi wa binti huyu uko wapi? Hawezi kujua kwa kuwatazama wadai wakiwa wamevaa nguo za Jumapili. Ndiyo maana humwagiza Afisa Ustawi wa Jamii kufanya uchunguzi na kuandika taarifa. Afisa huyo hufika nyumba zote mbili. Huuliza mtoto hulala wapi, na nani. Nani humwogesha, nani hujua chakula kinachomdhuru. Huomba kuona kadi ya kliniki, maana kadi ile ni shahidi asiyepokea rushwa: huonyesha nani alimpeleka mtoto kupimwa na kuchanjwa, na kama alipelekwa kwa wakati. Huzungumza na majirani. Akiwa mtoto amekwisha kuanza shule ya awali, humwuliza mwalimu nani humleta asubuhi na nani huja akiitwa. Wenye nyumba nzuri husahau jambo hili: afisa hahesabu vyumba tu. Humtazama mtoto anapoogopa anamkimbilia nani.

Katika mfano wetu uchunguzi utasema mema mengi juu ya bibi. Lakini utasema pia yale ambayo jamaa wa upande wake hawapendi kusikia. Bibi ana umri gani? Akiugua, nani atachota maji? Miaka kumi ijayo, binti akiwa kigori wa kidato cha pili, bibi atakuwa na nguvu za kumwangalia? Na ada ya sare na madaftari itatoka wapi, mihogo ikiharibika kwa ukame? Mwenye busara hangojei kuulizwa haya. Aende na majibu: binti yake mwingine anayekaa jirani na yuko tayari kusaidia, mjomba aliyeahidi sare. Kadhalika baba mdogo aulizwe naye: mke wake amekubali kwa moyo wake, au ameambiwa tu? Watoto wake watatu wanalala wangapi chumba kimoja? Tangu mama wa binti afariki, yeye mwenyewe amefika mara ngapi kumwona? Sisi twadhani swali hili la mwisho lina uzito kuliko nyumba ya matofali. Kama alifika kila likizo, na mtoto anamwita baba na kumrukia shingoni, shauri limekuwa gumu kweli. Kama hakufika hata mara moja, na leo anakuja na gari, mtoto atamwona kuwa mgeni aliyekuja kumchukua.

Na mtoto mwenyewe, asikilizwe? Sheria yasema maoni yake yaangaliwe, iwapo ameyatoa kwa hiari yake. Binti wa miaka minne hataulizwa kama shahidi, wala haifai aulizwe mbele ya watu wazima anaowapenda wote. Lakini wa miaka kumi au kumi na miwili anayo maneno yake, na mahakama huyapima. Twawaonya wale wanaowafundisha watoto la kusema. Maafisa na mahakimu wamekwisha kuwasikia watoto wengi, na mtoto aliyekaririshwa hujulikana upesi: husema maneno ya watu wazima, na akiulizwa jambo la pembeni hunyamaza na kumtafuta kwa macho yule aliyemfundisha.

Sasa tutaje jambo ambalo wengi hulizungukazunguka. Marehemu baba alifanya kazi mgodini. Kuna mafao, pengine na kiwanja. Mara nyingine ugomvi wa mtoto ni ugomvi wa kiwanja uliovishwa gauni la mtoto. Yapasa ijulikane kwamba ulezi wa mtoto na usimamizi wa mirathi ni mambo mawili, nayo huamuliwa mbali mbali. Ukoo hukaa kikao, humpendekeza msimamizi wa mirathi, na mahakama ndiyo humteua. Naye hapewi mali iwe yake: yampasa ndani ya miezi minne kupeleka mahakamani orodha ya mali, kisha kulipa madeni, kuwagawia warithi, na kutoa hesabu. Baba mdogo aweza kuwa msimamizi mwema wa mirathi, na bado mtoto akae kwa bibi. Tena bibi apewapo mtoto hapewi kwa hilo kiwanja cha mtoto. Fedha za binti ni za binti, na njia iliyo salama ni kuziweka benki kwa jina lake, zitolewe kwa shule na matibabu. Mahali ambapo jamaa wamekubali kwanza kuitenga mali na mtoto, tumeona hamu ya baadhi ya wadai ikipoa ghafula, na shauri likaisha kwa chai.

Liko swali jingine ambalo wasomaji wetu hulileta. Kama upande mmoja ni wakatoliki na mwingine sio, je, si haki mtoto aliyebatizwa apewe wakatoliki? Twajibu kwanza kwamba dini ambayo wazazi walimlea nayo mtoto ni sehemu ya maisha yake, na yafaa ielezwe mahakamani bila haya. Mtaguso wa Pili wa Vatikano nao, mwaka 1965, ulitangaza haki ya wazazi kuamua malezi ya dini ya watoto wao. Cheti cha ubatizo chaweza kuonyeshwa, kwani hutaja wazazi na siku ya kuzaliwa. Lakini msimamizi wa ubatizo si mlezi wa kisheria, na ubatizo haumfanyi mtoto kuwa mali ya kugombewa na parokia. Yako mambo yaliyotokea Ufaransa ambayo sisi wakatoliki hatupaswi kuyasahau, ingawa si ya kujivunia.

Mwezi wa Februari 1944, karibu na mji wa Grenoble, daktari Myahudi aitwaye Fritz Finaly na mkewe Anni, waliokuwa wamekimbia kutoka Austria, walikamatwa, wakapelekwa Auschwitz, wasirudi. Waliacha wana wawili, Robert na Gérald, mkubwa hajatimiza miaka mitatu. Walifika mikononi mwa mwanamke mkatoliki, Antoinette Brun, mkuu wa nyumba ya kulelea watoto ya mji huo, naye aliwaficha mpaka vita vikaisha. Hakuna anayekana kwamba alitenda tendo kubwa. Lakini mwaka 1945 shangazi wa watoto, aliyekuwa New Zealand, alianza kuandika barua akiwaomba. Na shangazi mwingine, aliyekuwa Israeli, aliwataka pia. Mama yule alikataa, akachelewesha, na mwaka 1948 akawabatizisha. Shauri likazunguka mahakamani miaka mingi. Mwaka 1952 mahakama ya rufani ya Grenoble iliamuru watoto watolewe kwa jamaa zao. Badala yake, mapema mwaka 1953, walifichwa na kuvushwa milima mpaka Hispania, na mapadre na watawa kadhaa walikamatwa kwa kusaidia jambo hilo. Mwezi wa Juni mwaka huo mahakama ya juu kabisa ya Ufaransa iliithibitisha hukumu, watoto wakarudishwa, na mwezi wa Julai wakaenda Israeli pamoja na shangazi yao.

Twaileta habari hii kwa sababu yagusa hata ile hoja ya bibi tuliyoisifu. Kutomhamisha mtoto ni jambo jema, lakini mtu aweza kujitengenezea hoja hiyo kwa hila, kwa kumficha mtoto na kuipitisha miaka, kisha akasema, "Tazameni, amekwisha kunizoea." Mahakama huuliza mazoea hayo yalipatikanaje. Bibi aliyemlea binti kwa ruhusa ya baba yake, mlango wake ukiwa wazi kwa jamaa wote, ana mazoea ya haki. Bibi aliyewakataza jamaa wa baba wasimwone, au aliyemhamishia mtoto kwa siri kijiji cha mbali aliposikia wanakuja, ameiharibu hoja yake mwenyewe. Vile vile kwa baba mdogo. Sheria ya Mtoto yakataza kumwondoa mtoto isivyo halali katika mikono ya yule aliye naye kwa haki. Yule anayempakia mtoto katika basi la alfajiri baada ya matanga, kwa kutegemea kwamba mzee hatakuwa na nauli ya kumfuata, huenda akadhani ameshinda. Ameandika kwa mkono wake aya ya kwanza ya taarifa ya Afisa Ustawi.

Mashauri haya husikilizwa katika Mahakama ya Watoto, iliyowekwa kwa sheria ya mwaka 2009. Pengine hukaa katika jengo la mahakama ya mwanzo, lakini hukaa kwa faragha: hakuna watazamaji, Afisa Ustawi huwapo, na hakimu huuliza na kusikiliza pasipo mabishano ya kumtisha mtoto. Twalisema hili kwa ajili ya mabibi wanaoogopa kwamba watasimamishwa kizimbani kama wevi wa kuku.

Na binti wetu je? Hatuwezi kumtolea hakimu hukumu yake, lakini kwa mambo tuliyoyaweka katika mfano, yaelekea amri itakuwa hivi: binti abaki kwa bibi, baba mdogo apate kumwona, na kumchukua Mwanza wakati wa likizo ya Krismasi na ya katikati ya mwaka, ili awajue watoto wa baba yake mdogo na kaburi la babu yake, matunzo ya shule yatoke katika mafao ya marehemu, kwa hesabu zinazoonyeshwa. Binti hatapoteza jina la ukoo wake kwa kulala nyumba ya udongo. Na amri ya ulezi haifungwi kwa misumari. Bibi akidhoofika, au binti akikua na kusema neno lake mwenyewe, baba mdogo aweza kurudi kwa hakimu yule yule na kuomba ibadilishwe. Na likizo zile, kama alizitumia, ndizo zitakuwa ushahidi wake.